Pamba na Daftari: Mwanafunzi wa Sekondari wa Simiyu na Haki Yake

Mazungumzo mbele ya wazazi, walimu na viongozi wa vijiji, Bariadi



Nimeombwa niseme juu ya maendeleo ya watoto wetu katika shule za sekondari. Nilipowauliza waandaaji ni jambo gani hasa watu wanataka kulisikia, nilijibiwa kwa maneno machache: "Watu wanataka kujua kwa nini watoto wanafeli." Swali hilo tunalisikia kila yatangazwapo matokeo ya kidato cha nne. Linaulizwa sokoni, kwenye mabasi, hata misibani. Lakini swali lenyewe limekwisha kutoa hukumu kabla ya kusikiliza shauri, kwa maana linamtaja mtuhumiwa mmoja tu, naye ni mtoto.

Naomba tuligeuze. Tuulize mtihani huo hupima nini. Watoto wawili huketi siku moja mwezi wa Novemba, saa ile ile, mbele ya karatasi ile ile. Mmoja amelala bwenini, ameamshwa na kengele, amekunywa uji, na usiku amesoma kwa taa ya umeme. Mwenzake ameondoka nyumbani kabla ya mapambazuko, amekwenda kwa miguu kilomita kadhaa, na tangu jana jioni hajatia kitu kinywani. Karatasi haimpendelei yeyote. Inawauliza maswali yale yale. Sisi ndio tuliowatenga miaka minne kabla ya siku hiyo, kisha tunashangaa matokeo yanapowatenga.

Nitasema zaidi juu ya huyu wa pili, kwa kuwa wa namna yake ndio wengi katika mkoa wetu.

Wazee mliopo hapa mnakumbuka kwamba zamani sekondari ilikuwa kitu cha kufuatwa mbali. Waliochaguliwa kutoka darasa la saba walikuwa wachache mno, na aliyekosa hakuonekana kuwa ameonewa, kwa sababu karibu wote walikosa. Mwalimu Nyerere, alipoandika Elimu ya Kujitegemea mwaka 1967, aliikataa shule ya msingi iliyokuwa njia tu ya kuwachuja wachache na kuwaacha wengine wakijiona wameshindwa maisha. Mambo yalianza kubadilika kwa upana baada ya mwaka 2004, ulipoanza Mpango wa Maendeleo ya Elimu ya Sekondari, na kata baada ya kata ikajenga shule yake. Wananchi walichangia mawe, mchanga na nguvu za mikono yao. Majengo yakasimama, walimu wakachelewa. Vijana waliomaliza kidato cha sita walipewa mafunzo ya majuma machache na kupelekwa madarasani, na watu wetu, ambao hawakosi neno, wakawaita walimu wa "voda fasta". Vijana wale walifanya walichoweza. Dhihaka hiyo haikuwastahili wao.

Matunda ya haraka hiyo yalionekana Februari 2013. Matokeo ya mtihani wa kidato cha nne wa mwaka 2012 yalipotangazwa, kiasi cha asilimia 60 ya watahiniwa nchini walikuwa wamepata sifuri. Taifa lilishtuka. Waziri Mkuu wa wakati huo, Mizengo Pinda, aliunda tume. Na mwezi wa Mei matokeo yale yalifutwa na kupangwa upya. Alama zilipandishwa, lakini njia ya mtoto wa kata kwenda shuleni haikufupishwa hata kwa hatua moja.

Tusiwe watu wasioona jema lililotendwa. Tangu Januari 2016 ada imefutwa hadi kidato cha nne, ile ya shilingi 20,000 kwa mwanafunzi wa kutwa na 70,000 kwa wa bweni. Na tangu mwaka 2022 imefutwa pia kwa kidato cha tano na cha sita. Mwaka 2021 Serikali ilijenga vyumba vya madarasa 15,000 kwa mpigo mmoja nchini, na kati yake 12,000 vilikuwa vya sekondari. Mkoa wetu, uliozaliwa mwaka 2012 ukiwa na watu 1,584,157, ulikuwa umefikia watu 2,140,497 katika sensa ya mwaka 2022. Kuongeza watu zaidi ya nusu milioni katika miaka kumi, na bado kupata dawati kwa wengi wao, si kazi ndogo. Anayesema hakuna kilichofanyika hasemi kweli.

Hata hivyo ada haikuwa mzigo wote. Utaratibu wenyewe wa elimu bila ada ulimwachia mzazi sare, madaftari, chakula cha mwanafunzi wa kutwa na nauli yake. Na hapa ndipo ninapotaka tukae kidogo, kwa sababu jambo hili tunaliishi kila mwaka wala hatulitazami.

Simiyu ni mkoa wa pamba, tena unaoongoza nchini kwa zao hilo. Pamba hupandwa mvua zikishika, Novemba na Desemba. Hupaliliwa Januari na Februari. Huvunwa na kuuzwa kuanzia mwezi wa Mei hivi, na kwa wengi fedha hushikwa mkononi Juni, Julai hata Agosti. Sasa tazameni kalenda ya shule. Kidato cha kwanza huanza Januari. Mwezi huo shule inadai kila kitu, na nyumba haina kitu. Pamba ndiyo kwanza inatoa majani. Mahindi ya mwaka uliopita yako chini kabisa ya ghala. Fedha za mauzo ya pamba ya msimu uliopita zilikwisha kugeuka bati, ndama, matibabu na malipo ya madeni. Katika mwezi huo mzazi anaambiwa mtoto aje na sare, viatu, mkoba na madaftari; na kama amepangwa bweni, godoro, ndoo na sanduku.

Mtoto wa mtumishi wa Serikali hapo hapo mjini Bariadi anaingia Januari hiyo hiyo mzazi wake akiwa na mshahara. Simlaumu mtumishi, mshahara wenyewe si mnono. Nasema tu kwamba kalenda ya shule ilipangwa na watu wanaolipwa kila mwisho wa mwezi, na inawadai watu wanaolipwa mara moja kwa mwaka. Basi mtoto wa mkulima huripoti Februari, au Machi, au haripoti kabisa. Anayeripoti Machi hukuta misingi ya hesabu imekwisha kupitwa. Tena katika majuma hayo hayo palizi imepamba moto, na mikono yake inatakiwa shambani. Na mwisho wa safari, mtihani wa kidato cha nne huja Novemba, mvua za kupandia zikiwa zimeanza. Mvua ya kwanza haimngoji msimamizi wa mtihani.

Ongezeni juu ya hayo bei isiyotulia. Mwaka 2019 wakulima wengi walipeleka pamba yao kwenye vyama vya ushirika na kukaa miezi wakingoja malipo. Mwaka 2022 msimu ulifunguliwa kwa bei dira ya shilingi 1,560 kwa kilo. Mwaka uliofuata ilikuwa shilingi 1,060. Mkulima mwenye kilo 500, kwa bei hizo, angepata shilingi 780,000 mwaka wa kwanza na 530,000 mwaka wa pili, bila kupunguza jasho lake hata kidogo. Hiyo tofauti ya shilingi 250,000 ndiyo godoro, sare na kodi ya chumba cha mtoto. Bei ya nyuzi katika masoko ya dunia inaposhuka, kuna kiti kinachobaki kitupu katika darasa la kidato cha kwanza huku Ntuzu, na hakuna anayeandika sababu hiyo katika daftari la mahudhurio. Huandikwa neno moja: "mtoro".

Sasa niseme juu ya njaa. Shule nyingi zetu za kutwa hupika makande mchana pale wazazi wanapochangia mahindi na maharage. Ni jambo jema, na walimu wakuu wengi wanalihangaikia kwa moyo. Lakini ziko shule ambako mtoto ambaye nyumbani kwao hawakuchanga haruhusiwi kupanga mstari. Wenzake wanapokula, yeye huenda kukaa chini ya mti na kujifanya anasoma. Ndugu zangu, mila zetu Wasukuma hazimruhusu mtu kula huku mgeni akimtazama. Vipi basi tunamfundisha mtoto wa miaka 14, kila siku saa saba mchana, kwamba yeye si mtu wa kualikwa? Fundisho hilo halimo katika mtaala, na ndilo ambalo hatalisahau. Nasikia hoja kwamba wakila wasiochanga, hakuna atakayechanga. Hoja hiyo ina uzito wake kwa mzazi mkaidi. Kwa mjane asiye na gunia haina uzito wowote, na anayeadhibiwa katika hali zote mbili ni yule yule asiyekuwa na neno katika jambo hilo.

Umbali nao umezaa namna yake ya maisha. Mzazi anayeona mtoto anachoka humpangia chumba karibu na shule, kile vijana wanachokiita "geto". Humletea unga Jumapili na kumwachia shilingi chache. Kijana wa miaka 15 anajipikia, anajichotea maji, anajiamsha, anajilinda. Kwa msichana, sina haja ya kueleza sana. Siku hizi ni pikipiki, lifti na chipsi. Na tangu enzi za matangazo ya redio yaliyomwita mtu wa namna hiyo "Fataki", sote tunajua mwisho wake. Wazee wanaijua pia chagulaga, vijana walipomzunguka binti njiani hadi amtaje mmoja wao. Kuna wanaoitetea kuwa ni mila. Mila ambayo binti hana ruhusa ya kusema "simtaki hata mmoja" haimfai mwanafunzi, wala simwoni ambaye inamfaa.

Bariadi ilipokuwa bado sehemu ya Mkoa wa Shinyanga, utafiti wa kitaifa wa afya ya jamii wa mwaka 2010 ulionyesha kwamba asilimia 59 ya wanawake wa mkoa huo wenye umri wa miaka 20 hadi 24 walikuwa wameolewa kabla ya kutimiza miaka 18. Hakuna mkoa uliotuzidi. Kwa taifa zima ilikuwa asilimia 37. Ng'ombe wa mahari wanahesabika. Miaka ya shule ya binti haihesabiki mpaka baadaye sana. Sheria imejaribu kusogea. Mwaka 2016 Sheria ya Elimu ilirekebishwa, na anayemwoa au kumpa mimba mwanafunzi akawekewa kifungo cha miaka 30. Mwaka huo huo Mahakama Kuu iliamua kwamba vifungu vya Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971 vinavyoruhusu binti kuolewa chini ya miaka 18 vinakwenda kinyume cha Katiba, na Mahakama ya Rufani ikauthibitisha uamuzi huo mwaka 2019.

Yako mengine ambayo wazazi wengi hawajaambiwa vizuri. Kwa miaka mingi binti aliyepata mimba alifukuzwa shule moja kwa moja, na mwaka 2017 Rais wa wakati ule alisema hadharani kwamba hatarudi. Novemba 2021 Serikali iligeuza msimamo huo, na waraka ukatolewa wa kuwaruhusu kurejea katika mfumo rasmi. Basi mzazi anayeambiwa leo "binti yako amekwisha kuzaa, nafasi yake haipo" ana haki ya kuuliza kwa adabu ni waraka gani unaosema hivyo. Na sisi majirani tuna wajibu wa kutomcheka binti huyo anapopita na sare yake. Kicheko kimewarudisha nyumbani wengi ambao waraka uliwaruhusu.

Kuhusu taulo za kike nitasema neno moja. Mwaka 2018 kodi ya ongezeko la thamani iliondolewa juu ya bidhaa hiyo. Mwaka uliofuata ikarudishwa, kwa maelezo kwamba bei dukani hazikushuka. Baba anayeona aibu kulisikia jambo hili kikaoni afikirie binti yake anayekosa masomo siku kadhaa kila mwezi, halafu apime aibu ipi ni kubwa.

Wavulana nao wasisahaulike. Kijana anatolewa shule achunge, au anajitoa mwenyewe akatafute maisha mjini, na huku nyuma tunasema amekuwa mkubwa.

Liko jambo jingine linaloumiza bila kelele, nalo ni lugha. Mtoto wa kijijini kwetu huzaliwa katika Kisukuma. Akiwa na miaka sita au saba anakutana na Kiswahili shuleni. Anahangaika, anakizoea, hata anakipenda. Akifika kidato cha kwanza anaambiwa kwamba sasa hesabu, biolojia na jiografia zote ni kwa Kiingereza. Jambo alilolijua jana halijui leo. Mbegu, ambayo amekwisha kuipanda mwenyewe mara nyingi kuliko mwalimu wake, inakuwa neno geni analolinakili ubaoni bila kuliona. Tume ya Makweta ilipendekeza mwaka 1982 kwamba Kiswahili kianze kutumika kufundishia sekondari kuanzia mwaka 1985. Pendekezo hilo halikutekelezwa. Sitaki kufufua ubishi huo wote hapa. Nasema tu kwamba mtoto wa mjini aliyepitia shule ya msingi ya Kiingereza kwa fedha za wazazi, na mtoto wa Itilima au Meatu, wanapopewa swali la biolojia, mmoja anaulizwa biolojia na mwingine anaulizwa Kiingereza kwanza. Kisha alama zao huwekwa katika orodha moja.

Anayekaa kimya darasani kwa miaka minne kwa sababu hana maneno hujifunza kujiona mjinga. Wengine tunawaongezea fimbo. Kanuni za adhabu ya viboko, kama zilivyorekebishwa mwaka 2002, zinasema visizidi vinne, vitolewe na mkuu wa shule au mwalimu aliyemwidhinisha kwa maandishi, na viandikwe katika kitabu. Nawaomba walimu mniwie radhi, lakini mnajua kama ninavyojua kwamba kitabu hicho mara nyingi hakina wino. Kijana aliyechapwa kwa kuchelewa, baada ya kutembea saa mbili, hafundishwi kuwahi. Anafundishwa kutokuja.

Huenda mtu akaniambia: "Mbona hapa Simiyu tulionyesha kwamba inawezekana?" Ni kweli, na nafurahi kulisema. Katika miaka ya Anthony Mtaka, aliyekuwa Mkuu wa Mkoa wetu hadi 2021, yalianzishwa makambi ya kitaaluma. Wanafunzi wa madarasa ya mitihani walikusanywa pamoja, walimu hodari wa masomo wakatolewa shule mbalimbali, na wadau wakachangia chakula. Viongozi wa mkoa walieleza kwamba ufaulu umepanda, na mkoa wetu ukatajwa kwa sifa. Wengi walihitimisha kwamba siri ilikuwa mazoezi ya maswali. Mimi nilihitimisha jambo jingine. Kambini mtoto alipata kwa pamoja vitu ambavyo hakuwahi kuvipata kwa pamoja maishani mwake: chakula, taa, mwalimu wa somo, na muda usiodaiwa na jembe wala ndoo. Mtoto ni yule yule, akili ni ile ile. Kama majuma machache ya hali hiyo yaliweza kumwinua, basi kilichopungua tangu mwanzo hakikuwa akili. Ila kambi huja mwishoni, kwa wale waliosalia. Walioanguka njiani katika kidato cha kwanza na cha pili hawakuiona. Mfugaji mzuri hamnenepeshi ng'ombe juma la mnada.

Januari 2023 Baraza la Mitihani liliacha desturi ya kutangaza shule kumi bora. Wako waliolalamika. Kwangu mimi ilikuwa nafuu, maana orodha ile ilisoma zaidi mifuko ya wazazi kuliko vichwa vya watoto. Lakini kuacha kutangaza tofauti si kuiondoa, na kuiondoa kwa sehemu kubwa kunaanzia huku vijijini.

Basi natoa rai kwa mambo yaliyo ndani ya uwezo wetu. Mkutano mkuu wa kijiji huitwa kila miezi mitatu. Ule wa katikati ya mwaka, pamba ikiwa inauzwa na mahindi yakiwa ghalani, uwe ndio mkutano wa shule. Michango ya chakula cha mwaka unaofuata ikusanywe hapo kwa gunia na debe, si Januari kwa fedha taslimu. Asiye na gunia achange kuni au siku zake za kazi. Asiyeweza hata hayo, kama mgonjwa, mzee anayelea wajukuu, au mjane, jina lake lipitishwe na mkutano na mtoto wake ale kama wengine. Nafaka ihifadhiwe shuleni kwa hesabu iliyobandikwa ukutani, pamoja na hesabu ya ruzuku ambayo Serikali inaileta kwa kila mwanafunzi. Mkuu wa shule mwaminifu hataogopa karatasi hiyo, itamwondolea masengenyo.

Vyumba vya kupanga tuvijue vyote, kimoja kimoja, na nani anaishi ndani. Kila kitongoji kimteue mama mmoja anayeaminika awe anavipitia jioni. Hosteli ikianza kujengwa, iwe ya wasichana kwanza. Sungusungu, jeshi la jadi lililoanza hapa Usukuma mwanzoni mwa miaka ya 1980 ili kukomesha wizi wa ng'ombe, lilijua kulinda njia za mifugo usiku kucha. Njia ya mabinti kwenda shule ni fupi kuliko hizo.

Na jambo la mwisho ni orodha. Matokeo ya darasa la saba yakitoka na majina ya waliochaguliwa kujiunga na kidato cha kwanza yakibandikwa, kamati ya kijiji iyanakili yote. Kila jina liende na swali moja kwa mzazi: unapungukiwa nini ili aripoti siku ya kwanza? Ulizeni mapema, kabla ya Krismasi, mkiwa bado na muda wa kutafuta jozi ya viatu. Kisha siku shule inapofunguliwa, mtu mmoja aende na orodha hiyo mpaka darasani, ayasome majina, na wale wasioitika tuwafuate nyumbani jioni ile ile.